Kukopa bumu, kulipa bomu: jinsi ya kutunga maneno ya fulana kuhusu mkopo wa chuo

Nina fremu ndogo ya duka Sinza, Dar es Salaam, nachapa fulana. Mahafali yakikaribia, wanafunzi wa mwaka wa mwisho wanamiminika na karatasi zenye maneno wanayotaka yakae mgongoni. Karatasi ya kawaida inasomeka hivi: “Tunaiomba serikali yetu sikivu iliangalie kwa jicho la pekee suala la mikopo ya elimu ya juu.” Hiyo ni barua, tena ya kupelekwa kwa bahasha. Nawavutia benchi, nawarudishia karatasi, tunaanza upya.

Nilisoma sosholojia kwa mkopo na bado naulipa, kwa hiyo nikilifanyia deni mzaha nalifanyia mzaha langu. Haya ndiyo ninayowaambia pale kwenye benchi. Ukiwa na subira ya nusu saa na rafiki asiyeogopa kukwambia “hapa hujachekesha”, unaweza kuyafanya mwenyewe nyumbani.

Chukua methali, vunja mguu wa pili

Mswahili ukimwanzia methali, mdomo wake unaimalizia kabla hujafika. Hapo ndipo pa kumtegea. Mwache aingie na nusu aliyoizoea tangu darasa la tatu, halafu mpokee na nusu ambayo hakuitegemea.

“Penye nia pana ada.” Limebadilika neno moja tu, lakini mzazi yeyote aliyewahi kupanga foleni benki na fomu ya kujiunga mkononi anaipata hapohapo. “Msomea juani hukatwa kivulini.” Hii naipenda kwa sababu kukatwa ni neno la mwenye mshahara, na kivuli ni ofisi yenyewe, yenye feni. “Mhitimu siku mbili, siku ya tatu mpe deni.” Hiyo waliichukua kundi la ualimu, na mlezi wao naye akaagiza ya kwake.

Zipo methali mbili za deni ambazo kila mtunzi anazikimbilia, na ana haki. Ya kwanza ni “kukopa harusi, kulipa matanga”. Shida yake ni kwamba mzaha umeshafanywa na wazee, wewe unabaki kunakili. Mwanafunzi mmoja wa uhandisi, akisubiri fulana yake ikauke, aliigeuza akasema: “Kukopa bumu, kulipa bomu.” Nikaacha kazi nikamtazama. Kwa asiyesoma chuo Tanzania, bumu ni ile pesa ya chakula na malazi inayotoka kwenye mkopo na kuja kwa mafungu. Siku linapoingia, chipsi kuku zinapanda heshima karibu na kila geti la chuo. Siku likikata, watu wanarudi kwenye pasi ndefu: mlo mmoja saa tano asubuhi, unaokupeleka mpaka usiku. Kaulimbiu ile inabeba yote hayo kwa kubadilisha irabu moja. Siku hizi ndiyo inayoagizwa kuliko zote pale kwangu, na yule kijana ana fulana ya bure kila akipita.

Ya pili ni “dawa ya deni kulipa”. Wateja wengi wananiletea “dawa ya deni kukimbia”. Nawaambia imeshachakaa, kila mwenye duka ameisikia, na isitoshe inakufanya wewe uonekane mwizi. Jaribu hivi: “Dawa ya deni kulipa, dawa ya kulipa kazi.” Sasa hujakataa kulipa. Umemrudishia anayedai swali lake, na ni swali ambalo wahitimu wengi wanalala nalo.

Methali ngeni ziache. Kama lazima mtu afungue kamusi ndipo ajue umevunja nini, hukuvunja kitu.

Hesabu mizani kwa vidole

Huu ndio ufundi wenyewe, na ndio wengi wanauruka. Ushairi wetu wa kawaida unakwenda mizani, yaani silabi, nane kwa nane. Sikio la mtu wa hapa, hata kama hajawahi kusoma shairi kwa hiari yake, limekulia humo: taarabu, ngonjera za shule, maneno ya kanga, nyimbo za mchakamchaka. Ukimpa nane kwa nane anaikariri bila kujijua. Ukimpa kumi na moja kwa sita anasema “ndiyo, nimeelewa”, na kusema hivyo ni dalili mbaya.

Tazama hii: “Mshahara ukifika, Bodi imekwisha nawa.” Hesabu. M-sha-ha-ra-u-ki-fi-ka, nane. Bo-di-i-me-kwi-sha-na-wa, nane. Ilipoletwa kwangu ilikuwa “Mshahara ukishaingia tu, Bodi ya Mikopo tayari imeshanawa mikono”. Wazo ni lilelile, mgeni aliyekwisha nawa kabla sahani haijatua mezani, lakini lilikuwa limevaa makoti matatu. Tukayavua. “Tu” ikaenda, “tayari” ikaenda, “mikono” ikaenda kwa sababu hakuna anayenawa miguu ili ale.

Maneno ya kutoa kwanza ni haya: suala, kwa upande wa, katika, ili kuweza, kuhusiana na. Kaulimbiu yenye neno “suala” haijawahi kumchekesha mtu.

Na jihadhari na kamati. Darasa linateua watu saba wa kusimamia fulana, wanafungua kundi la WhatsApp, na kila mmoja anataka neno lake liingie. Nimeona “Nipende na deni langu”, ambayo ni mizani nane safi, ikirudi baada ya kikao ikiwa “Nipende na deni langu, na wazazi wangu, Mungu kwanza, mwaka wa mwisho oyee”. Mteja ndiye mwenye pesa, nilichapa. Ila mwambie mwenyekiti wa kamati kwamba kazi yake ni kulinda, kuongeza waachie wengine.

Hakikisha unachokichekea kipo

Mzaha wa deni unasimama kwenye namba. Namba ikiwa ya uongo, mtu wa kwanza wa uhasibu atakayepita anakuumbua mbele za watu.

Kwa Tanzania, mambo ya kushika ni machache. Bodi ya Mikopo ya Wanafunzi wa Elimu ya Juu iliundwa kwa sheria ya mwaka 2004, lakini inadai mpaka waliokopeshwa tangu Julai 1994. Kwa hiyo usidhani deni ni la vijana. Kuna mabosi wenye mvi wanaokatwa. Sheria ilipobadilishwa mwaka 2016, makato ya mwajiriwa yakapanda kutoka asilimia 8 hadi asilimia 15 ya mshahara wa msingi. Anayelipwa msingi wa shilingi 700,000 anaacha 105,000 hata kabla hajaifikiria kodi ya nyumba. Aliyejiajiri, kama mimi, anatakiwa alete asilimia 10 ya kipato kinachotozwa kodi, na isipungue shilingi 100,000 kwa mwezi. Bumu nalo lilikuwa 8,500 kwa siku, likapandishwa kuwa 10,000, na humo mna kula na kulala.

Kila namba hapo ina fulana ndani yake. “Kumi na tano kwa mia, iliyobaki ya mama” inakaa vizuri kwa mwajiriwa mpya ambaye kijiji kizima kinamsubiri. “Elfu kumi kwa siku, na siku ina usiku” waliichukua waliopanga nje ya hosteli.

Sasa angalia jinsi namba inavyoweza kukuangusha. Kaulimbiu “Subira yavuta riba” ni nzuri, fupi, na methali yake kila mtu anaijua. Zamani ingefaa hapa, maana deni lilikuwa linaongezewa asilimia 6 kila mwaka kwa jina la kutunza thamani ya mkopo. Tozo hiyo Rais Samia alitangaza kuifuta Mei Mosi ya 2021 kule Mwanza. Ukiivaa leo Dar, utabishana mpaka jioni na mtu aliyesoma sheria, na atakushinda. Ivushe mpaka wa Horohoro, inafufuka: mkopo wa HELB, bodi ya mikopo ya Kenya, una riba ya asilimia 4, na asiyelipa anapigwa faini ya shilingi 5,000 za Kenya kila mwezi. Binamu yangu wa Mombasa ameichapa kwenye kikombe chake cha chai ya kazini.

Huyohuyo binamu ndiye aliyenifundisha kwamba Wakenya wana chakula kingine cha mzaha. Mwaka 2023 serikali yao ilileta mfumo mpya wa kugharimia vyuo, wanafunzi wakapangwa kwa bendi kulingana na hali ya nyumbani, bendi ya tano ikiwa ya wenye uwezo. Familia nyingi zikajikuta juu huko bila kujua zimepandaje. Mahakama Kuu ikautangaza mfumo ule kuwa kinyume cha katiba mwezi Desemba 2024, na kesi ikaendelea kwenye rufaa, lakini neno “bendi” lilikuwa limeshaingia mdomoni. Nikamchapia: “Baba ana punda mmoja, mimi niko bendi ya tano.” Mizani yake imezidi kidogo, najua. Punda ameibeba.

Mzaha uangukie wapi

Kila kaulimbiu ya kuchekesha ina mtu anayechekwa. Mchague kabla hujachagua rangi ya wino.

Deni lichekwe. Makato yachekwe. Fomu yenye viambatisho visivyoisha, mtandao unaogoma siku ya mwisho ya kuomba, mhitimu anayedaiwa kwanza na kuajiriwa baadaye, vyote vichekwe. Ninachokikataa, na nimeshawarudishia watu pesa kwa hili, ni maneno ya kuwasema wasichana kwamba ada zao zinalipwa na madanga. Vijana wa kiume wanacheka sana wakiyasoma, halafu wanashangaa kwa nini nusu ya darasa haitaki kuvaa fulana ya darasa. Wala sichapi ya kumcheka aliyedisko, yaani aliyeondolewa chuo kwa kufeli. Yule ameondoka bila shahada na deni lake amebaki nalo. Hapo hata mimi kicheko kinanikauka.

Kujicheka mwenyewe kunaruhusiwa na kunalipa. Dada mmoja aliyekuwa anakaribia kufundwa aliniomba kitu cha kuvaa siku ya mwisho ya ofisi kabla ya likizo ya harusi, nikampa “Nipende na deni langu”. Rafiki zake wakataka ya kanga kabisa. Kanga huchapwa kiwandani kwa oda kubwa, siwezi, kwa hiyo nilichapa kwenye mikoba ya kitambaa kwa mpangilio wa kanga: pindo pande zote nne, mji katikati, na ujumbe chini yake kwa herufi kubwa. Mpangilio ule peke yake unamwandaa msomaji kupokea fumbo. Ukiwa na jambo la kumwambia mchumba, mkwe au mwajiri bila kumwambia, tumia sura ya kanga. “Mahari haina haraka, Bodi inayo” iliuzwa kwa wanaume.

Kuna maneno ambayo ni nasaha zaidi ya malalamiko, kwa wale ambao bado hawajakopa au ndio wanaingia mwaka wa kwanza. Hapa lugha ya mzazi inakera, lugha ya kaka wa hosteli inafaa. “Bumu si mshahara, mdogo wangu.” “Simu ya bumu, deni la babu.” Na kwa anayetaka kuzibia pengo la ada kwa mkopo wa mtaani wa kausha damu: “Bodi inakata, kausha damu inanyonya.” Hii ya mwisho si ya kuchekesha sana, lakini niliibandika mlangoni pangu, na wapo waliosoma wakaguna.

Ukitaka kudai chuo kiwe bure

Hapa vijana wanaharibu kwa hasira. Wanaandika “Tumechoka!” Kila mtu amechoka. Konda amechoka, waziri naye atakwambia amechoka.

Dai linalochekesha lina hoja iliyojificha ndani, na hoja yenyewe ipo wazi kwenye historia. Tangu Januari 2016 ada zilifutwa mpaka kidato cha nne, na mwaka 2022 ikawa zamu ya kidato cha tano na sita. Mtoto anapanda ngazi hizo zote bila ada, anafika geti la chuo, anapewa fomu ya mkopo. Basi usimtukane aliyekubeba. Mwambie amalizie: “Tumebebwa hadi sita, msitutue getini.” Nane kwa nane, ina shukrani, ina lawama, na mheshimiwa akiisoma atacheka kabla hajagundua kwamba ameombwa pesa.

Hoja ya pili ni ya nasaba. Waliosoma chuo kikuu miaka ya kwanza ya uhuru walisomeshwa na serikali; kuchangia gharama kulianza miaka ya mwanzo ya 90. Wengi wa walioweka sahihi kwenye sheria za mikopo walikula bure kwenye bwalo la chuo. Hawa wanahitaji kaulimbiu laini tu: “Babu alisoma bure, mimi nimesoma deni.” Nilimchapia mjukuu wa profesa mmoja mstaafu, na profesa mwenyewe akaja kuchukua mbili.

Lakini soma kilichotokea 1966 kabla hujaandika bango kali. Tarehe 22 Oktoba mwaka huo wanafunzi wa chuo kikuu Dar es Salaam waliandamana hadi Ikulu kupinga masharti ya kwenda Jeshi la Kujenga Taifa, yakiwemo ya kukatwa sehemu kubwa ya mshahara. Bango lao mojawapo lilisema afadhali wakati wa mkoloni. Mwalimu Nyerere akawasikiliza, akakasirika, akatangaza kupunguza mshahara wake mwenyewe kwa asilimia 20, na takriban wanafunzi 400 wakarudishwa makwao. Kama mtunzi, lile bango nalipa alama zote za ufupi. Lilisomeka, lilikumbukwa, na lilimaliza kesi yao mlangoni, kwa sababu lilimgusa msomaji wao pahali ambapo hakuwa na mzaha hata chembe. Kabla ya kuandika dai, jiulize anayesoma ana uchungu na nini, kisha pita pembeni ya hapo.

Ukitaka kubeba mabango barabarani, sheria inadai polisi wapewe taarifa saa 48 kabla. Fulana haina taarifa. Unaivaa, unapanda daladala ya Mwenge, unasimama ukishika bomba, na watu wa siti za nyuma wanakusoma mpaka Posta.

Mpaka kwenye kitambaa

Maneno yakishakuwa tayari, yafanyie jaribio moja. Yaandike kwenye karatasi, mpe mtu ambaye hakusoma chuo. Mimi nampelekea mama ntilie wa hapo nje. Akicheka kabla hujafungua mdomo kueleza, leta oda. Akisema “eeh, kweli jamani”, rudi nyumbani ukapunguze.

Mistari iwe miwili, haizidi mitatu. Kata mstari pale pumzi inapokata: “Tumebebwa hadi sita” juu, “msitutue getini” chini. Nimeona fundi ameikata “Tumebebwa hadi” kisha “sita msitutue”, ikawa amri ya kijeshi. Herufi ziwe nene na wazi. Yale maandishi ya mkono yenye mikia yanapendeza kwenye kadi ya harusi, mgongoni yanasomwa na aliyeyaandika. Mtu aliye hatua kumi nyuma yako kwenye foleni aweze kusoma bila kusogea.

Rangi moja ya wino inatosha na inapunguza bei, kwa sababu kila rangi inataka fremu yake ya kuchapia. Nyeupe juu ya bluu iliyokolea au nyeusi juu ya njano zinaonekana. Nyekundu juu ya nyeusi ni nzuri kwenye simu, juani inapotea. Epuka kijani na njano pamoja, au nyekundu, nyeupe na bluu pamoja, kama hutaki kila anayekutana nawe akuulize chama. Usiweke nembo ya Bodi, wala ya chuo bila ruhusa, na ile ya Taifa ina sheria yake kabisa; mtu anayesema “chomeka tu, nani ataona” ndiye huyohuyo atakayekuwa hapokei simu.

Mbele acha patupu au weka jina la darasa kwa herufi ndogo kifuani. Ukichapa mzaha mbele na nyuma, zinagombana.

Oda za mahafali ya Novemba na Desemba leteni Oktoba, mkiwa na malipo ya awali nusu na orodha ya saizi iliyohakikiwa, si ile ya “wote weka L”. Fulana ikikauka, igeuzeni ndani nje kabla ya kuipiga pasi, na msiifue siku mbili za mwanzo. Bei ni ileile kwa wote, isipokuwa anayekuja na maneno bora kuliko yangu.